Alama Tuliyoiacha Kwenye Njia ya Chini

Kambale, mwanangu,

Mambo ya shati na sabuni sitayaandika. Umri wako ni wa kujua kwamba mtu haendi mbele ya procureur, mwendesha mashtaka wa serikali, na shati chafu, na kama hujui, basi nilikulea bure. Ndizi za kuchoma ziko kwenye kikapu. Hayo yameisha.

Unakoroma. Mtu ameitwa mjini Beni kujibu kifo cha jirani, naye anakoroma! Baba yako, Mungu amrehemu, alikuwa hivyo hivyo. Hata risasi zikilia ng'ambo ya mto, yeye alilala kwanza, akauliza baadaye. Mimi sikupewa usingizi wa namna hiyo. Nimeanza barua hii mara mbili, nikasimama, nikaenda nyuma ya jiko kumtazama mbuzi, nikarudi, nikachochea moto usiohitaji kuchochewa.

Ninaandika kwa sababu ukiwa macho huniachi nimalize. Jana nilisema nusu ya neno tu, ukanikata: “Mama, wacha. Miye njo nilichimba. Batanifunga miye, basi.” Ukachukua jembe ukatoka, kana kwamba mihogo ndiyo itakayokutetea. Sasa utanisoma njiani, umekaa juu ya magunia ya wafanyabiashara, mahali ambapo huwezi kuchukua jembe.

Mjomba wako Paluku amekufundisha cha kusema. Nilikuwa nimesimama nje ya dirisha, maana sisi wenye midomo mirefu masikio yetu pia hayakukatwa, nikasikia yote. Useme shimo lilikuwa la nguruwe. Useme alama ilikuwepo, mvua ikaiangusha. “Sema ivyo tu, usiongeze kitu,” alikwambia. Ni uongo mzuri. Nilipousikia mara ya kwanza hata mimi nilipumua, nikasema moyoni, kumbe kaka yangu ana akili. Kisha nikalala chali hadi asubuhi, nikiangalia mabati.

Najua mengi ya hapa unayajua. Nayapanga kwa kuandika kwa sababu kichwani mwangu yanazunguka, na nataka yasimame.

Ulikuwa bado hujaanza shule siku ile ulipofungua fundo la alama ili utengeneze mpira. Huku kwetu Mabalako, ukingoni mwa msitu, mwenye shamba asipochimba shimo la kunasia nguruwe pori, hali mhogo wake. Lakini hachimbi kimya. Anasokota ganda la mgomba pamoja na tawi bichi, anafunga pande zote mbili za njia, kisha anapita nyumba kwa nyumba kusema, na Jumapili katekista anatangaza baada ya misa. Mtu akiliona fundo lile anageuka, hata awe amelewa pombe ya kasiksi, hata awe na haraka ya mgonjwa. Wewe ulilifungua moja, ukalikunja pamoja na majani, ukaanza kupiga teke. Baba yako hakukuchapa. Alikushika mkono, akakuzungusha kilima kizima, kila mlango ukasimama ukasema, “Ni miye niliondosha alama.” Ulilia hadi sauti ikakauka. Kwa Katembo, jirani yetu, ulipewa hindi la kuchoma, akakwambia, “Mutoto, ile kamba inalindaka watu. Usiiguse tena.” Ulirudi nyumbani unalia na unatafuna.

Hukuigusa tena. Ni mimi, mama yako, niliyekurudisha kwenye kamba ile ukiwa mwanaume mwenye ndevu.

Msimu huu ulikuwa mbaya. Askari wa upande huu walipita wakala mbuzi, wa upande ule wakapita wakala kuku, na kilichobaki ardhini kikawa kinaibwa usiku na watu tunaosali nao. Wanajeshi hawang'oi mhogo mmoja mmoja kwa uangalifu namna ile, wakarudishia udongo juu. Wezi walikuwa wetu, na walikuwa na njaa kama sisi. Walijua kusoma alama. Kati ya njia mbili za shambani, shimo letu lilikuwa njia ya chini, kwa hiyo walipita njia ya juu, wakala wakashiba. Nilikuwa nimewafungia fundo la kuwaonyesha wapi pa kuniibia salama.

Hapo nikaanza kuongea. Unanijua. Sokoni, mbele ya wanawake wote, nilipiga meza ya mtu nikasema, “Ule mwizi akirudia kwa shamba yangu, atalala mule!” Walicheka. Mama Kavira, mke wa Katembo, alicheka kuliko wote, akasema, “Ukimukamata uniite, nikuje nimupige na mwiko.” Mdomo uliponza kichwa, wanasema. Wangu umeponza kichwa cha mwenzangu.

Lakini nataka ujue kitu kuhusu hasira ile, kwa sababu na wewe umeirithi. Sokoni nilipiga kelele, na kelele zile hazikumuumiza mtu. Jambo lenyewe nililipanga siku nyingine, nimekaa kwenye kigoda, ninamenya mihogo, moyo umetulia. Sikuwa ninatetemeka. Nilifikiria kama mtu anayefikiria atapanda nini wapi. Tangu Katembo afe, utulivu ule ndio unaoniamsha.

Nilikwambia ufukie shimo la chini, uchimbe jipya njia ya juu. Ukauliza alama tuihamishe lini. Nikasema alama isihame. Ibaki pale pale chini, penye udongo uliofukiwa, na huku juu pasiwe na kitu, na usimwambie mtu wala katekista. Ukaacha kunoa panga, ukanitazama. Ukasema, “Mais mama, na batu?” Nikakujibu, “Batu gani banapitaka usiku kwa shamba ya mwenzao?” Ukainamisha kichwa, ukaenda kuchimba. Ulipoanza kuchonga miti ya kusimika chini, kama tunavyofanya kwa nguruwe, nilikataza. Nilisema sitaki damu, nataka avunjike mguu, tumjue ni nani.

Nimelishika neno hilo la miti kama rozari. Nilikataza miti! Nikiwa nafua ninasema, nilikataza miti. Halafu kitu kingine kinaniuliza: ulikataza kwa huruma, au uliogopa gereza? Sijui, Kambale. Ni moyo wangu mwenyewe, ninaishi nao, na sijui.

Wahenga walisema mchimba kisima huingia mwenyewe. Hawakusema kwamba anaweza kumtanguliza jirani.

Bunduki zilianza kabla jua halijazama, upande wa barabara. Watu wote wakakimbilia msituni. Katembo alikuwa ameshawavusha mke na watoto, akarudi kuchukua maharagwe, maana mtu anajua akilala msituni siku kadhaa bila chakula watoto wanakufa kwa njia nyingine. Akabeba gunia mgongoni na mkanda kwenye paji la uso, kama wanavyobeba wanawake, ili mikono ibaki huru. Akafika penye njia mbili. Njia ya chini ilikuwa fupi, na aliijua tangu utoto. Akaona fundo letu. Mtu mwingine angesema leo ni vita, nipite tu. Katembo alikuwa mtu wa adabu. Aligeuka, akapanda njia ya juu.

Mimi na wewe tulikuwa tumejificha chini ya mibuni. Tulisikia kishindo, na sauti moja. Mimi nikasema, “Ameingia.” Uliisikia ilivyotoka sauti yangu. Haikuwa sauti ya mtu mwenye hofu. Ukainuka, nikakushika shati, ukavuta, nikashika kwa mikono miwili. “Acha alale mule mupaka asubui.” Baadaye nilimwambia kila mtu kwamba nilikuzuia kwa sababu ya bunduki. Ni kweli bunduki zilikuwa zinalia. Lakini nilipokushika shati sikuwa ninafikiria bunduki.

Asubuhi ulishuka wewe. Nilikuona unatoka shimoni umeshika ule mkanda. Gunia lilikuwa limemvuta kichwa nyuma. Muuguzi alisema shingo ilivunjika, labda alikufa palepale. Alisema labda. Neno hilo nimelala nalo kila siku tangu hapo.

Tulipokwenda matangani nilimpelekea Mama Kavira mbuzi, kama inavyotakiwa. Hukuona kilichotokea, ulikuwa nje na wanaume. Hakunitukana. Aliangalia kamba mkononi mwangu, akauliza, “Hii mbuzi ni ya nini? Ni ya mutu mwenye aliteleza, ao ni ya mutu mwenye baliua?” Akasema, “Kama aliteleza, moja inatosha, tulie pamoja, tumalize. Kama balimuua, ni kesi ya ukoo, na mbuzi moja ni matusi. Sema kwanza. Utasema, njo nitajua namupokea ao namurudisha.” Sikusema. Nilirudi na mbuzi wangu kwa njia ya nyuma, kama mwizi. Ndiye huyu anayelia nyuma ya jiko, hajui yeye ni mbuzi wa nini.

Nilidhani hayo ni maswali ya wazee wa zamani. Kisha akaja yule afande wa Bandundu, yule OPJ, mpelelezi wa polisi, aliyeandika PV, maelezo yako. Ulipotoka kumwonyesha mjomba wako mahali pa kuweka sahihi, aliomba maji. Nikampa, nikauliza kama mtu anayeuliza habari za mbali: “Afande, mutu akikufa kwa shimo ya mutu, yule wa shimo banamuitaka nani?”

Alikunywa kwanza. Swahili yake imechanganyika na Lingala ya kambini, lakini alisema polepole. “Yoka, mama. Code, sheria yetu, haiangalie maiti tu. Maiti ni ileile. Inaangalia roho ya mwenye alifanya. Akitaka mutu akufe, ile ni meurtre. Akitaka, tena akipanga mbele, ni assassinat, na ile inaweza kumuletea hukumu ya kifo. Donc, kuko ingine: alitaka kumuumiza tu, mais mutu akakufa. Ile ni jela ya miaka mingi, mais haiko muuaji te. Na kuko ya mutu alisahau, hakuangalia vizuri, hakutaka mubaya hata kidogo. Ile ni homicide involontaire. Jela yake ni fupi, mutu anarudi kulima.”

“Na roho, nani anaionaka?”

“Hakuna. Njo maana tunauliza batu,” akasema, akanirudishia kikombe.

Kambale, tangu siku ile ninayajaribu majina hayo kama nguo za mtumba. Lile la mwisho, la kusahau, ndilo mjomba wako anataka kukuvalisha, na linabana kila mahali. Hatukusahau. Mtu aliyesahau alama haachi nyingine makusudi ili ipotoshe. La kwanza, la kutaka kifo, ninalivaa usiku, asubuhi ninalivua, ninasema hapana, sikutaka Katembo afe, Mungu anajua, sikutaka hata mwizi afe. Linabaki lile la katikati. Nilitaka mtu aumie. Nilitaka alie shimoni usiku kucha, na asubuhi nimcheke mbele ya wote. Hilo nililitaka kabisa. Nikalipata, na halikuishia nilipotaka liishie.

Na wewe je? Wewe ulichimba kwa sababu mama alisema. Uliuliza kuhusu watu. Ulitaka kwenda, ukashikwa shati. Jina lako si jina langu, hata kama shimo ni moja. Ukienda kusema “miye peke yangu”, unaniibia langu na kulibeba, na halikutoshi.

Mjomba wako atakwambia mimi nina wazimu. Ameshaniambia. “Vita inakula batu kila siku, nani ataulizia mumoja wa shimo?” Nilipenda sana maneno hayo, nikayashika siku nzima. Waliopita hapa na bunduki, nani amewaandikia PV? Wengine wamepewa vyeo. Mimi mwanamke wa mihogo ndiye nitafute sheria? Nilikasirika hadi nikavunja sufuria, ile ndogo, nilikwambia imeanguka. Lakini sikiliza watu hao wenye bunduki wakiongea barazani. Hakuna hata mmoja aliyeua. Mmoja alitumwa, mwingine ilikuwa giza, mwingine ni vita tu, risasi haina macho. Kila mmoja ana mvua yake iliyoangusha alama. Nikajisikia ninaongea kama wao, kwa sauti yangu mwenyewe, ndani ya jiko langu. Nikaona aibu.

Sikuandikii ili uwe mtakatifu. Mtakatifu wa nini, na wewe hukumaliza hata katekisimu! Nakuandikia kwa sababu nakujua. Utasema uongo ule vizuri, watauandika, utafungwa kidogo au hutafungwa kabisa, utarudi. Kisha utapita mbele ya mlango wa Mama Kavira kila siku kwenda shambani, naye hatajua anaishi jirani na watu gani. Mwaka wa kwanza utaumia. Baadaye utazoea. Utaanza kuamini mvua. Nimeshaona watu waliozoea, tunawasalimia sokoni, na sitaki mtoto wangu awe mmoja wao. Hasa sitaki awe hivyo kwa ajili yangu.

Na ninaogopa, usidhani siogopi. Ninaogopa gereza la Beni, nasikia wanawake wanalala sakafuni, na mtu asiyeletewa chakula hali. Ninaogopa hakimu atasikia maneno yangu ya sokoni, aseme mwanamke huyu alipanga, aniite lile jina baya kuliko yote, assassinat, na mimi sitakuwa na cha kumwonyesha isipokuwa kwamba shimoni hamkuwa na miti. Ni kidogo. Lakini ni kweli, na ni chetu, na wewe ndiye shahidi wake. Shahidi aliyeshikwa akidanganya kuhusu mvua hataaminiwa kuhusu miti. Hilo mjomba wako mwenye akili hakulifikiria.

Nakupenda. Sijui kulisema vizuri, nimezoea kukuita kula. Basi lichukue hivyo lilivyo.

Mdogo wako Masika nimempeleka kwa bibi yenu jioni hii. Nilikwambia ni kwa sababu ya kikohozi. Hana kikohozi.

Jogoo wa kwanza akiwika, mimi nitakuwa nimeshika njia ya Mangina kwa miguu, nipate gari la kwanza la Beni. Wewe utapanda la pili na mjomba wako, kama mlivyopanga. Usimlaumu akipiga kelele, ni kaka yangu, alitaka kutuokoa wote. Mama Kavira naye ameitwa, atakuwepo. Vizuri. Atasikia jibu lake siku hiyo hiyo pamoja na procureur, mbele ya uso wangu, kisha atajua la kufanya na mbuzi.

Ukifika utanikuta kwenye benchi, nje ya bureau ya procureur. Usilie, na usinigombeze mbele za watu. Kaa karibu nami. Wakiita jina lako, simama, useme ulichofanya wewe, ulichouliza, na nilichokujibu. Changu kitakuwa kimeshaandikwa.

Mama yako